Siku Inaanza Lini? Historia ya Kuhesabu Saa na Nafasi ya Waswahili Ndani Yake

Historia ya kupima wakati aghalabu huandikwa kama historia ya vyombo, ikianza na kijiti kilichosimikwa juani na kumalizikia kwenye maabara ya fizikia, kana kwamba binadamu kazi yake imekuwa kutafuta kipimo sahihi zaidi tu. Lakini lipo swali ambalo hakuna chombo kinachoweza kulijibu, nalo ni siku inaanza lini. Mashine hupima urefu wa muda, ila haiwezi kuamua muda huo uhesabiwe tangu wapi. Hilo ni jambo la makubaliano, na katika kila zama makubaliano hayo yamefuata haja za wenye sauti: makuhani, mabaharia, wafanyabiashara, kampuni za reli, serikali. Swali hilo ndilo linaloipa hesabu ya saa ya Waswahili umuhimu wake. Wageni wengi huiona kuwa kioja, na hata baadhi ya wenyeji huitaja kwa namna ya kuomba radhi, ilhali katika ukoo wa hesabu za saa yenyewe ni ya tawi la kale kuliko ile inayoonekana leo kuwa ya dunia nzima.

Mgawanyo wa siku katika saa 24 asili yake ni Misri ya kale. Makuhani wa Misri waliugawa usiku katika sehemu 12 kwa kutazama makundi ya nyota yaliyochomoza kwa zamu, na mchana nao wakaugawa katika sehemu 12 kwa kufuata kivuli. Chombo kimoja cha kivuli, kilichochongwa kwa jiwe na ambacho sasa kimehifadhiwa Berlin, ni cha zama za Farao Thutmose III, yaani karne ya 15 kabla ya Kristo (KK). Usiku ulipokuwa na mawingu walitegemea saa ya maji, yaani chombo chenye tundu dogo chini ambalo maji huvuja kwalo polepole, huku alama zilizochorwa ndani zikionyesha muda uliopita, na cha namna hiyo kilichopatikana Karnak kilitengenezwa wakati wa Amenhotep III, karne ya 14 KK. Babeli ilichangia hesabu ya kufuata sitini, ambayo wanajimu wa Kigiriki na baada yao wa Kiarabu waliirithi, na hiyo ndiyo sababu saa moja ina dakika 60 na dakika moja ina sekunde 60. Wababeli walichangia pia desturi ya kuanza siku jua linapotua, desturi iliyokuwa ya Wayahudi vilevile na baadaye ya Waislamu, na ambayo ndiyo mzizi wa hesabu ya pwani ya Afrika Mashariki.

Saa hizo za kale hazikuwa na urefu mmoja. Kwa kuwa mchana wowote, uwe mrefu au mfupi, uligawanywa katika sehemu 12, saa ya mchana wa kiangazi ilikuwa ndefu kuliko saa ya mchana wa majira ya baridi, na wataalamu huziita saa za namna hiyo saa za msimu. Katika nchi za kaskazini tofauti ilikuwa kubwa mno: mjini London mchana wa Juni hupita saa 16 za kisasa na wa Desemba haufiki saa 8, maana yake ni kwamba saa moja ya msimu wakati wa kiangazi ilikuwa mara mbili ya saa moja ya wakati wa baridi. Karibu na ikweta tatizo hilo karibu halipo kabisa. Zanzibar iko digrii 6 kusini mwa ikweta, na tofauti kati ya mchana wake mrefu kuliko yote na ule mfupi kuliko yote haifiki saa moja, hivyo kuhesabu saa 12 tangu macheo na saa 12 tangu machweo ni hesabu inayolingana na anga mwaka mzima. Wazungu waliiacha hesabu hiyo kwa sababu kwao ilikuwa inawayumbisha. Watu wa pwani hawakuwa na sababu ya kuiacha.

Ushahidi wa ukale wake unapatikana mahali ambapo wasomaji wengi wa Kiswahili wamepapita bila kupatilia maanani, yaani katika Injili. Mfano wa wafanyakazi wa shamba la mizabibu, katika sura ya 20 ya Mathayo, unawataja watu walioajiriwa saa tatu, saa sita, saa tisa na hata saa kumi na moja, na habari za kusulubiwa zinataja giza tangu saa sita hadi saa tisa. Msomaji wa Kiingereza au wa Kijerumani huhitaji maelezo ya kando ili aelewe kwamba saa ya kumi na moja ni jioni na kwamba saa ya sita ni adhuhuri, lakini msomaji wa Kiswahili haongezewi wala hapunguziwi kitu, kwa kuwa saa za Palestina chini ya Warumi zilihesabiwa tangu macheo kama zinavyohesabiwa Tanga au Lamu. Ni nadra tafsiri ya lugha ya kisasa kuwa karibu hivyo na desturi ya mahali andiko lilipozaliwa.

Uislamu ulileta pwani si hesabu ya saa peke yake, bali utaratibu mzima wa kuugawa mchana na usiku. Sala tano hazikupangwa kwa kufuata mashine, zimepangwa kwa hali ya jua na mwanga: alfajiri mwanga wa kwanza unapotandaa, adhuhuri jua linapopinduka, alasiri kivuli kinapofikia urefu maalumu, magharibi jua linapotua, na isha wekundu wa magharibi unapotoweka. Kuzikokotoa nyakati hizo kulizaa elimu yake, na katika misikiti mikubwa ya nchi za Kiarabu kulikuwa na mtaalamu aliyeajiriwa kwa kazi hiyo, aliyeitwa muwaqqit, yaani mtunza nyakati. Mmoja wao, Ibn al-Shatir wa Damascus, alitengeneza katika karne ya 14 kipima kivuli kikubwa cha msikiti wa Umayya ambacho ni miongoni mwa vilivyo bora kabisa vya zama zake. Saa za magurudumu zilipoenea katika dola ya Uthmaniya, watu walizirekebisha kila siku ili zionyeshe saa kumi na mbili jua linapotua, na mtindo huo ulidumu Uturuki hadi serikali ya jamhuri ilipoufuta kuanzia Januari 1926. Katika Bara Arabu uliendelea kutumika hadi katikati ya karne ya 20. Watawa wa Kikristo wa mlima Athos, Ugiriki, wangali wanahesabu siku yao tangu machweo hadi leo, na Ethiopia nchi nzima huhesabu saa zake tangu asubuhi kama Waswahili.

Kwa hesabu ya pwani, basi, siku ilifunguliwa na magharibi, na usiku ulitangulia mchana wake. Usiku wa Ijumaa kwa maana ya kale ni ule unaoanza Alhamisi jua linapotua, na kwa sababu hesabu mbili sasa zimekutana, magazeti hulazimika kuandika kwamba jambo limetukia usiku wa kuamkia Ijumaa ili pasiwe na utata. Juma lenyewe linaanza baada ya siku ya sala ya pamoja, kwa hiyo Jumamosi ndiyo siku ya kwanza na Jumatano ni ya tano, na Alhamisi, ambayo kwa Kiarabu ni ya tano pia, inafuata mara moja. Hesabu ya Kibantu na ya Kiarabu zimelala kitanda kimoja bila kugombana. Miezi nayo ilihesabiwa tangu mwisho wa Ramadhani, kuanzia mfungo mosi hadi mfungo tisa, kisha Rajabu, Shaabani na Ramadhani yenyewe, na ndiyo maana mwezi wa Maulidi huitwa mfungo sita.

Pamoja na hayo, mwaka wa mwezi una siku 354 hivi, nao huteleza ukapishana na majira, hivyo haumfai nahodha wala mkulima. Hapo ndipo pwani ilipotumia kalenda ya pili, ambayo wanahistoria hawajaipa uzito unaoistahili. Ni kalenda ya jua inayoanza siku ya Nairuzi, neno lililotoka Uajemi, na ina siku 365 zilizogawanywa katika miongo 36, kila mwongo ukiwa na siku 10, kisha zinaongezwa siku 5 za kufungia mwaka. Wakulima walijua mwongo wa kufyeka, wa kupanda na wa kutazamia masika; manahodha walijua mwongo ambao kaskazi, upepo wa kuanzia Novemba au Desemba, ungekuwa umetulia vya kutosha kuyaleta majahazi kutoka Arabuni na Bara Hindi, na ule ambao kusi ingeweza kuyarudisha kabla bahari haijachafuka. Baharia mashuhuri Ahmad ibn Majid, aliyeandika mwishoni mwa karne ya 15 na ambaye mojawapo ya tungo zake inahusu njia za bahari za Afrika Mashariki, alipanga tarehe za kusafiri kwa kuhesabu siku tangu Nairuzi, maana kalenda ya mwezi isingeweza kumwambia lolote kuhusu upepo. Kwa kuwa mwaka huo hauna siku ya nyongeza kila baada ya miaka 4, Nairuzi hurudi nyuma polepole ikilinganishwa na kalenda ya Gregori, na hivi sasa huangukia Julai, mwezi ambao Makunduchi, kusini mwa Unguja, huadhimisha Mwaka Kogwa kwa wanaume kupigana kwa migomba na kwa kuchoma kibanda cha makuti. Watalii huiona ngoma. Ni wachache wanaofahamu kwamba wanashuhudia ufunguzi wa mwaka wa mabaharia.

Ulaya ilichukua njia nyingine, na mwanzoni haikuwa mbali sana na hii. Saa za magurudumu na mizani zilipoanza kuwekwa kwenye minara ya makanisa na ya miji, kuanzia mwishoni mwa karne ya 13, miji mingi ya Italia ilihesabu saa 24 tangu machweo, na saa ya mnara wa Prague, iliyojengwa 1410, hadi leo ina duara linaloonyesha saa za namna hiyo. Jambo jipya halikuwa mwanzo wa siku bali usawa wa saa, kwa sababu mashine haijui kiangazi wala baridi na huzunguka vilevile, na kengele yake iliwafaa wenye viwanda vya nguo waliotaka kujua mfanyakazi ameanza lini na ameacha lini. Christiaan Huygens wa Uholanzi alipobuni saa ya timazi inayobembea mwaka 1656, kosa la robo saa kwa siku lilipungua likawa la sekunde chache, na hapo ndipo mshale wa dakika ulipopata maana. Hata hivyo wataalamu wenyewe hawakuafikiana kuhusu siku inaanza lini: raia wa nchi nyingi walifuata usiku wa manane, desturi ya kisheria ya Warumi, lakini wanajimu waliianza siku yao adhuhuri, ili usiku mmoja wa kutazama nyota usikatwe katikati na tarehe mbili, nao hawakuiacha desturi hiyo hadi 1925.

Bahari ndiyo iliyoufanya wakati kuwa suala la dola. Dunia huzunguka digrii 360 kwa saa 24, yaani digrii 15 kwa saa, kwa hiyo nahodha anayejua saa ya bandari aliyotoka na saa ya jua mahali alipo anaweza kukokotoa amekwenda umbali gani mashariki au magharibi. Kasoro ilikuwa kwamba hakuna saa iliyoweza kuvumilia mawimbi, chumvi na mabadiliko ya joto. Baada ya meli kadhaa za kivita za Uingereza kugonga miamba ya visiwa vya Scilly mwaka 1707, bunge la nchi hiyo liliweka mwaka 1714 zawadi iliyofikia pauni 20,000 kwa atakayeleta suluhisho, na fundi seremala John Harrison, ambaye hakuwa na shule kubwa, alitumia sehemu kubwa ya maisha yake hadi akafanikiwa kwa saa yake ya nne, iliyojaribiwa katika safari ya kwenda Jamaica mwaka 1761. Kuanzia hapo ramani nyingi za bahari zilichorwa kwa kuhesabu tangu Greenwich, na sababu haikuwa utakatifu wowote wa kilima kile cha London bali ni kwamba meli zilizokuwa na saa nzuri zilikuwa nyingi zaidi kutoka huko.

Hadi wakati huo kila mji ulikuwa na saa yake yenyewe, kwa kuwa adhuhuri ya Bristol hufika dakika 10 baada ya ile ya London, na hakuna aliyedhurika. Reli ndiyo iliyolifanya hilo kuwa hatari, maana magari mawili yanayotumia njia moja kwa saa mbili tofauti yanaweza kukutana uso kwa uso. Kampuni ya Great Western ilianza kutumia saa ya London katika vituo vyake vyote mwaka 1840, na mjini Bristol wakaweka saa yenye mishale miwili ya dakika, mmoja wa mji na mwingine wa London, kabla ya sheria ya mwaka 1880 kuifanya saa ya Greenwich kuwa ya Uingereza nzima. Kampuni za reli za Marekani zilifanya kama hayo tarehe 18 Novemba 1883, kwa uamuzi wao wenyewe, bila kusubiri sheria ya serikali.

Oktoba 1884 wajumbe wa nchi 25 walikutana Washington kuamua dunia nzima ihesabu wakati kutoka wapi. Greenwich ilipata kura 22. San Domingo ilipinga, Ufaransa na Brazil hazikupiga kura, na Wafaransa walikaa na saa ya Paris hadi mwaka 1911. Mkutano huo uliamua pia kwamba siku ya dunia ianze usiku wa manane wa Greenwich. Kati ya waliokuwapo, mwakilishi wa dola ya Uthmaniya ndiye aliyeeleza kwamba kwao walio wengi huhesabu saa tangu machweo na kwamba hawangeweza kuachishwa desturi hiyo kwa urahisi. Bara la Afrika liliwakilishwa na Liberia peke yake. Mwezi uliofuata, tarehe 15 Novemba 1884, ulifunguliwa mkutano wa Berlin, na ingawa mikutano hiyo miwili huwekwa katika vitabu tofauti, ni vigumu kutoona kwamba wakati na ardhi viligawanywa na serikali zilezile katika msimu uleule.

Zanzibar ilionja tofauti ya hesabu hizo mapema. Mwaka 1883 Sultani Barghash alikuwa amejenga Beit al-Ajaib, jumba lililokuja kuwa na mnara wa saa ulioonekana tangu baharini. Tarehe 25 Agosti 1896 Sultani Hamad bin Thuwaini alifariki dunia, na Khalid bin Barghash akatwaa kiti bila idhini ya Waingereza, ambao walimpa makataa, yaani muda wa mwisho wa kujisalimisha, yanayokwisha tarehe 27 saa tatu kamili asubuhi. Saa tatu na dakika mbili meli za kivita za Admirali Harry Rawson zilianza kupiga mizinga, na kabla ya saa nne vita vilikuwa vimekwisha, huku upande wa Khalid ukiwa umepata wafu na majeruhi wapatao 500. Vita hivyo hutajwa kama vifupi kuliko vyote katika historia, na wanaovitaja hivyo huona fahari ya takwimu. Ajabu yake hasa ni kwamba hatima ya kiti cha enzi iliamuliwa kwa kufuata mshale wa dakika uliokuwa mikononi mwa upande mmoja. Mwaka uleule ujenzi wa reli ya Uganda ulianza Mombasa, na pamoja na vyuma vyake ilikwenda bara ratiba.

Jinsi Afrika Mashariki ilivyopata saa yake ya sasa ni habari ya kusitasita. Kwa jua lake, Nairobi iko mbele ya Greenwich kwa saa mbili na dakika 27, na katika nusu ya kwanza ya karne ya 20 Kenya ilitumia kwa vipindi saa mbili na nusu, kisha saa mbili na dakika 45, kabla ya kutulia kwenye saa tatu kamili. Saa tatu ni wakati wa mstari wa digrii 45 mashariki, na mstari huo haupiti Kenya, wala Uganda, wala Tanzania. Unapita Somalia, karibu na Mogadishu. Kwa hiyo jua la Dar es Salaam, kwa wastani, huwa utosini zaidi ya dakika 20 baada ya saa sita mchana, na la Kigoma huchelewa hadi saa saba, ingawa miji hiyo miwili ina saa moja kisheria. Msafiri akivuka kutoka Kigoma kuingia Burundi hurudisha mshale nyuma kwa saa nzima.

Hapa ndipo penye jambo ambalo watetezi wa saa ya Kiswahili hawalitaji. Saa inayotumika leo si ile ya mababu, iliyorekebishwa kila magharibi muadhini alipopanda mnarani. Ni saa ya Greenwich iliyoongezwa tatu na kisha kupunguzwa sita, na mtu anayesema ni saa moja asubuhi huku mshale ukiwa kwenye saba anatumia hesabu ya kale juu ya kipimo kigeni. Kilichosalia ni hesabu; kipimo kilihama. Hata hivyo hesabu hiyo haikusalia tu, ilipanuka: misafara ya biashara ya karne ya 19, kisha reli, shule na redio ziliisambaza bara, na hadi leo Waganda na Wanyarwanda, katika lugha zao wenyewe, huita saa ya kwanza baada ya macheo saa moja. Ukoloni ulioleta saa ya Greenwich ndio uliobeba saa ya pwani hadi maziwa makuu.

Badiliko zito zaidi lilikuwa la kazi. Mwanahistoria Mwingereza E. P. Thompson, katika makala yake ya mwaka 1967, alionyesha jinsi wafanyakazi wa Uingereza walivyofundishwa kwa kengele, faini na shule kufanya kazi kwa kufuata saa badala ya kufuata shughuli yenyewe, na miongoni mwa mifano aliyoitaja ya upimaji wa zamani ni ya Madagaska, ambako muda wa kuiva kwa wali ulihesabiwa kama nusu saa. Pwani na bara kulikuwa na vipimo vya namna hiyo, kama mafungulia ng'ombe, yaani asubuhi mifugo inapotolewa zizini, au jogoo la kwanza na jogoo la pili. Katika mashamba ya mkonge na ya walowezi, mfanyakazi alipewa kipande, yaani kadi yenye siku 30, na mshahara ulitolewa baada ya siku hizo kujazwa zote, hata kama zilichukua majuma mengi kuliko mwezi wa kawaida. Huko Natal, Afrika Kusini, mwanahistoria Keletso Atkins ameandika jinsi Wazulu walivyodai ujira mwezi unapoandama, ilhali mwajiri aliwahesabia mwezi wa kalenda ulio mrefu zaidi, na mzungu akaita dai hilo uvivu. Bandarini Mombasa wafanyakazi walijiandikisha kwa kibarua cha siku moja moja, na kama alivyoonyesha mwanahistoria Frederick Cooper, wengi walipenda hivyo kwa sababu siku nyingine zilibaki kuwa zao, za shamba au za biashara ndogo. Baada ya migomo ya 1939 na 1947 serikali iliona kwamba dawa ni kuwafanya waajiriwa wa kudumu. Mgogoro haukuwa kati ya wanaojua wakati na wasioujua. Ulikuwa kati ya wenye hesabu mbili, na mwenye mshahara ndiye aliyeshinda.

Kuna msomi wa Kiafrika aliyelipa suala hili sura nyingine. Mwaka 1969 John Mbiti, mwanatheolojia wa Kenya, alitoa kitabu kuhusu dini na falsafa za Kiafrika ambamo alitumia maneno mawili ya Kiswahili, sasa na zamani, kueleza kwamba kwa Mwafrika wa jadi wakati ni matukio, na kwa kuwa yajayo hayajatukia, yajayo ya mbali karibu hayapo. Alitegemea zaidi vitenzi vya Kikamba na Kikikuyu. Mwanafalsafa wa Ghana Kwame Gyekye alimpinga kwa ushahidi wa Waakan, na hoja hiyo inaweza kupingwa kwa ushahidi wa Kiswahili chenyewe, ambacho Mbiti alikiazima maneno: lugha yenye kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo inahesabu siku nne mbele kwa majina mahususi, na nahodha aliyepanga kurejea Maskati katika mwongo fulani wa Nairuzi alikuwa akiishi na wakati ujao wa miezi mingi, akiukopea fedha na kuuwekea shehena. Mbiti alifanya kazi kubwa ya kuwatoa Waafrika katika dharau ya wamisionari, lakini katika hili alichukua jamii za wakulima wa bara akazifanya bara zima.

Kipimo chenyewe, wakati huo, kilikuwa kimekwisha kulikimbia jua. Mwaka 1955 Louis Essen na Jack Parry walitengeneza nchini Uingereza saa ya atomu za sizi iliyotegemeka, na mwaka 1967 sekunde ikaelezwa upya kuwa mitetemo 9,192,631,770 ya atomu hiyo badala ya sehemu ya mzunguko wa dunia. Kwa kuwa dunia huzunguka kwa kusuasua kidogo ikilinganishwa na atomu, tangu mwaka 1972 zimeongezwa sekunde 27 za kusawazisha, ya mwisho ikiwa mwishoni mwa 2016, na mwaka 2022 mataifa yalikubaliana kwamba utaratibu huo uachwe ifikapo 2035, kwa sababu kompyuta na setilaiti hazivumilii dakika yenye sekunde 61. Uamuzi huo unakata uzi wa mwisho uliokuwa ukiiunganisha saa rasmi na jua, ingawa tofauti yake itachukua vizazi kadhaa kufikia hata dakika chache.

Wanafunzi wa sekondari wa Afrika Mashariki hufundishwa meridiani ya Greenwich na namna ya kukokotoa saa za London na New York, na ni sawa wafundishwe. Vitabu vyao vya jiografia na historia, hata hivyo, vinapaswa pia kueleza kwa nini saa huhesabiwa tangu macheo, mwongo ni nini, na mfungo sita ni mwezi gani, kwa hesabu kamili na mazoezi kama yanavyotolewa kwa Greenwich. Watunga mitaala na mabaraza ya Kiswahili ya Bara na Visiwani wana mahali pa kuanzia: Makunduchi, ambako siku ya mwaka ingali inahesabiwa, waende na daftari.